Jukwaa Lisilohamishika: Ardhi na Miviga ya Wamaasai, Kutoka Kinangop Hadi Kisaju

Katika uhakiki wa sanaa za maonyesho, mandhari ya asili huchukuliwa mara nyingi kuwa pambo tu nyuma ya mtendaji. Katika nchi za Magharibi dhana hiyo ilipingwa kwa nguvu katika miaka ya 1960 na 1970, na msanii anayetajwa sana ni Ana Mendieta, mzaliwa wa Kuba, ambaye kati ya 1973 na 1980 aliliacha umbo la mwili wake katika udongo, mchanga na majani huko Iowa na Meksiko. Wahakiki wake waliona jambo jipya: kazi ambayo haiwezi kuondolewa mahali pake ikabaki ile ile. Kwa Wamaasai jambo hilo halikuwa geni. Lilikuwa limekwisha kuandikwa katika mkataba.

Mnamo Agosti 1904 Olonana na viongozi wenzake walikubaliana na serikali ya Kiingereza kuyaacha malisho ya Bonde la Ufa, baadhi ya watu waende Laikipia na wengine kusini. Ndani ya mkataba huo mliwekwa sharti ambalo wanahistoria hulipita haraka: kwamba zitengwe maili tano za mraba, yaani kilomita za mraba 13 hivi, kwenye miteremko ya Kinangop, kwa ajili ya tohara na miviga kwa desturi ya mababu. Mkataba wa pili, wa Aprili 1911, uliwatoa watu Laikipia na kuwapeleka kusini, lakini haki ya Kinangop haukuifuta. Wamaasai waliposhtaki mwaka 1913, mahakama iliikataa kesi kwa hoja kwamba mikataba hiyo ilikuwa baina ya dola na dola, na haikuwa na mamlaka ya kuiamua.

Hapa pana kinaya kizito kuliko cha tamthilia nyingi. Jukwaa lilihifadhiwa katika karatasi, hali hadhira na fanani wamehamishwa mbali nalo.

Ili kuielewa hasara hiyo, yafaa kuutazama mviga wa Eunoto, ambao huwavusha morani kuelekea utu uzima. Hujengwa manyatta ya nyumba 49, na wajenzi ni wanawake, kwa fito, matope na samadi. Mama humnyoa mwanawe nywele ndefu zilizopakwa ngeu. Watazamaji wageni hukodolea macho miruko ya morani, wakamsahau huyu mama aliyelisimamisha jukwaa zima kwa mikono yake. Ilhali kwa vigezo vya nadharia yeye ndiye msanii wa kwanza wa tukio. Isitoshe, manyatta hudai uwanda: malisho ya mifugo ya wageni, maji, kuni, na njia ambazo hakuna azizuiaye.

Uwanda huo ndio uliopungua Kajiado. Sheria ya 1968 iliruhusu ranchi za vikundi. Ranchi ya Kitengela iligawanywa kwa wanachama wake mwaka 1988, na viwanja vikaanza kuuzwa. Leo msafiri wa barabara ya Namanga akipita Kisaju, kati ya Kitengela na Isinya, huona nyua za waya, nyumba za mawe na mabango ya viwanja. Si haki kuwalaumu waliouza. Hati ya ardhi iliwapa karo za watoto na kinga dhidi ya kunyang'anywa tena. Lakini hati humjua mwenye kiwanja, haimjui rika.

Suluhisho la kuihamishia sanaa ukumbini lilikwisha kujaribiwa. Bomas of Kenya, iliyoanzishwa 1971 huko Lang'ata, imehifadhi ngoma nyingi, na juhudi zake zastahili heshima. Hata hivyo, anayecheza ngoma ya morani pale hatoki akiwa mtu mwingine. Hutoka akiwa amemaliza kazi ya siku.

Mwaka 2018 UNESCO iliorodhesha Enkipaata, Eunoto na Olng'esherr miongoni mwa turathi zinazohitaji kulindwa kwa haraka. Septemba 2020 maelfu ya wanaume kutoka Kenya na Tanzania walikusanyika kwenye vilima vya Maparasha, Kajiado, kwa Olng'esherr, wakawa wazee. Maparasha palitosha. Kisaju, kwa manyatta kama ile ya Eunoto, ingelazimu kwanza kuomba ruhusa ua kwa ua.