Kabaka Mwanga Kusini mwa Ziwa: Historia ya Tuhuma Inayohama

Katika mijadala ya Afrika Mashariki kuhusu mapenzi ya jinsia moja, hoja mbili hukabiliana bila kuchoka: ya kwanza hudai kwamba mwenendo huo uliletwa na wageni, na ya pili hujibu kwamba kilicholetwa na wageni ni sheria ya kuuadhibu. Zote mbili huishia kumtaja Mwanga wa Pili, Kabaka (yaani mfalme) wa Buganda, ambaye habari zake husimuliwa kana kwamba zilianza na kuishia ikuluni Mengo na mahali pa mauaji, Namugongo, ilhali sehemu muhimu ya misukosuko yake, na ya watu walioiandika, ilipita mwambao wa kusini wa Ziwa Viktoria, katika nchi ya Wasukuma ambamo leo lipo jiji la Mwanza, pamoja na wilaya jirani za Magu na Misungwi.

Mwanga alirithi kiti mwaka 1884 akiwa angali kijana. Ikulu yake ilijaa abagalagala, yaani vijana watumishi waliopelekwa na jamaa zao wajifunze utawala, na ambao walitarajiwa kumtii Kabaka bila kubakiza kitu. Novemba 1885 aliuawa Joseph Mukasa Balikuddembe, mtumishi Mkristo wa ikulu aliyemlaumu Kabaka kwa kifo cha Askofu wa Kianglikana James Hannington, na tarehe 3 Juni 1886 Karoli Lwanga na wenzake, vijana wa ikulu waliokuwa Wakristo, wakachomwa moto Namugongo. Makanisa huhesabu mashahidi 45, Wakatoliki 22 na Waanglikana 23. Maandishi ya wamisionari yanasema kwamba hasira ya Kabaka ilichochewa, pamoja na mambo mengine, na vijana hao kukataa matakwa yake ya kimwili. Hayo mambo mengine hayakuwa madogo: Wajerumani walikuwa wameanza kujitwalia nchi upande wa pwani, na vijana wa ikulu walikuwa wamempata bwana mwingine wa kumtii. Wanahistoria wanaojaribu kutenga sababu ya siasa na sababu ya mwili hujipa kazi isiyokwisha, kwa kuwa katika ikulu ile kumnyima mfalme mwili na kumnyima utiifu lilikuwa kosa moja.

Ushahidi wenyewe una wenyewe. Walioandika kwanza ni watu kama Alexander Mackay wa Church Missionary Society, shirika la Kianglikana, na Padri Siméon Lourdel wa Mapadri Weupe, shirika la Kikatoliki, aliyejulikana kwa Waganda kama Mapera; baadaye akaandika Apolo Kaggwa, mtumishi wa ikulu aliyenusurika mwaka 1886, akapanda hadi kuwa Katikiro (waziri mkuu), na mwaka 1901 akachapisha historia ya wafalme wa Buganda. Wote walikuwa upande ulioshinda. Jambo linalostahili kuangaliwa zaidi ni kwamba wamisionari walidai Mwanga alijifunza mwenendo huo kwa Waarabu. Dai la ugeni, basi, ni la zamani kuliko desturi ya kuwalaumu Wazungu. Kidole kilihama kutoka kwa Mwarabu kwenda kwa Mzungu, nalo dai likabaki lilelile.

Miaka miwili baada ya Namugongo, Septemba 1888, Wakristo na Waislamu waliungana wakampindua Mwanga, naye akakimbia kwa mitumbwi hadi Magu, ambako aliangukia mikononi mwa wafanyabiashara wa Kiarabu. Kutoka huko alihamia Bukumbi, kusini mwa Mwanza, kwenye misheni ambayo Mapadri Weupe walikuwa wameianzisha mwaka 1883, baada ya wao wenyewe kuondoka Buganda. Mapadri walimpokea na kumfundisha dini, na mwaka 1889 akarudi Buganda akisaidiwa na mfanyabiashara Charles Stokes, akitegemea Wakristo walewale aliokuwa amewatesa. Mackay, aliyefukuzwa Buganda mwaka 1887, naye pia alikuwa akiishi mwambao huohuo, huko Usambiro, alikofariki Februari 1890. Kwa hiyo Mapadri Weupe, shirika lililotunza kumbukumbu ya dhambi ya Kabaka ndilo lililomfungulia mlango alipohitaji kimbilio; na tuhuma iliyokuwa nzito mwaka 1886 haikuzuia mapatano mara tu Mwanga alipoonekana kuwa na faida.

Tabia hiyo ya tuhuma kuwa nzito au nyepesi kwa kufuata mizani ya madaraka ilijitokeza tena ndani ya utawala wa Kijerumani wenyewe, pale Gavana Albrecht von Rechenberg wa Afrika Mashariki ya Kijerumani, aliyechukiwa na walowezi kwa sera zake, alipoandamwa mwaka 1910 na gazeti lao la Dar es Salaam kwa madai ya mahusiano na wanaume.

Ama kuhusu sheria inayotajwa na hoja ya pili, Waingereza ndio walioiweka tuhuma katika vifungu. Kifungu cha 377 cha Kanuni ya Adhabu ya India ya mwaka 1860, kilichoadhibu kujamiiana "kinyume cha maumbile", kilifika Singapore na sehemu za Malaya kwa sheria ya 1871, kikafika pia Kenya na Uganda. Tanganyika ilipata kanuni yake mwaka 1930, kwa mfano uliotoka Queensland kupitia Nigeria. Indonesia, iliyotawaliwa na Waholanzi, haikurithi kifungu cha namna hiyo, ingawa hilo halikuwaokoa bissu wa Wabugis wa Sulawesi, makuhani wasiohesabiwa kuwa wanaume wala wanawake, dhidi ya waasi wa Kiislamu wa miaka ya 1950. Malaysia huru ilikitumia kifungu hicho dhidi ya Anwar Ibrahim, naibu waziri mkuu aliyefukuzwa kazi mwaka 1998, akatiwa hatiani mwaka 2000, hukumu ikatenguliwa 2004, akafungwa tena 2015 kwa shauri jingine, akasamehewa 2018, na mwaka 2022 akawa waziri mkuu.

Mwaka huohuo wa 1998 Bunge la Tanzania, katika sheria ya makosa ya kujamiiana iliyolenga hasa kuwalinda wanawake na watoto, lilipandisha adhabu ya kifungu cha 154 cha Kanuni ya Adhabu, kinachohusu kosa hilohilo la kujamiiana kinyume cha maumbile, hadi kifungo kisichopungua miaka 30, na kinachoweza kuwa cha maisha. Ukali huo uliwapita wakoloni walioandika kifungu chenyewe. Singapore ilipiga kura ya kufuta kifungu chake cha 377A mwaka 2022, na mwaka uliofuata Uganda, ambako tarehe 3 Juni ni sikukuu ya taifa kwa heshima ya mashahidi, ikapitisha sheria yenye adhabu ya kifo kwa baadhi ya makosa hayo.