Rumanyika wa Karagwe na Ramani ya Nyanza

Kamachumu imekaa juu ya uwanda ulioinuka, katika nchi ya Wahaya ambayo leo ni Wilaya ya Muleba. Upande wa mashariki nchi huteremka kwenda Ziwa Viktoria, nacho kisiwa cha Bumbire kimo majini mbele yake. Ufuo huu uliandikwa katika ramani za Ulaya kabla ya Mzungu yeyote kuupitia. Waliouchora waliupata kwa kusikia tu. Na miongoni mwa waliowapa habari, mkubwa alikuwa Rumanyika, Omukama wa Karagwe, ufalme uliopakana na Uhaya upande wa magharibi.

Ramani kwa masimulizi hazikuanza kwake. Mwaka 1856 ilitangazwa ramani ya mmisionari Jakob Erhardt, aliyekusanya maneno ya wafanya biashara wa pwani. Kila mmoja alitaja maji makuu mwishoni mwa njia yake, naye Erhardt akayaunganisha yote yakawa bahari moja kubwa katikati ya Afrika. Mwaka 1857, huko Kaze karibu na Tabora, Snay bin Amir aliwaeleza Burton na Speke habari za ziwa la kaskazini na za Karagwe. Mwaka 1858 Speke alifika kusini mwa ziwa hilo, akalipa jina la malkia wake.

Rumanyika alitawala baada ya baba yake, Ndagara. Habari za kutawazwa kwake, kama alivyozisimulia yeye mwenyewe kwa Speke, ni za ajabu. Wana wa marehemu waliwekewa ngoma ndogo, nayo kwa nguvu ya dawa ilikuwa nzito hata asiweze mtu kuiinua, ila yule aliyekubaliwa na mizimu. Ndugu zake walishindwa. Rumanyika akaiinua kwa kidole. Kisha aliketishwa mahali maalumu, na ardhi ikapanda pamoja naye, mfano wa darubini inayovutwa, hata akafika mawinguni. Kama mizimu ingemkataa angaliporomoka akafa. Lakini ilimkubali, ikamshusha polepole.

Mwanahistoria hana budi kuyaweka maneno haya kando ya mambo mengine ya wakati ule. Rumanyika alipigana na ndugu yake Rogero, na mfanya biashara Musa Mzuri alimpa Suna, Kabaka wa Buganda, mali ili alete jeshi la kumsaidia. Hivyo kiti hakikupatikana kwa ngoma peke yake. Hata hivyo hadithi haipotezi thamani yake. Yaonyesha namna Wanyambo walivyomfikiri mtawala: ni mtu aliyeinuliwa juu ya nchi. Na kutoka kimo kile, nchi yote imelala chini ya macho yake kama ramani. Jina lake nalo si geni kwa sikio la mwanafunzi wa lugha. Kumanya ni kujua, na kumanyika ni kujulikana. Kitenzi kicho hicho kimo katika ushairi wa zamani wa Kiswahili.

Speke alifika kwake mwezi wa Novemba 1861, akakaa hata Januari 1862. Alimkuta mwenyeji mwenye hamu ya elimu. Rumanyika alimwuliza kama jua linalochomoza kila siku ni lilelile au ni jipya, na kwa nini mwezi hubadili uso wake. Yeye naye hakuwa mchoyo wa maarifa. Aliwaita watu waliosafiri Rwanda wapate kuhojiwa, akaeleza habari za milima na maziwa ya mbali. Speke alipoondoka alishika njia ya kaskazini kwenda Buganda, akauacha Uhaya mkono wa kuume. Aliutaja kuwa nchi ya pembe za ndovu na kahawa, lakini hakuuzungukia ufuo wake.

Maarifa hayo yalipotiwa katika karatasi yaligeuka. Speke aliichora milima ya magharibi kwa umbo la mwezi mwandamo, kwa kuwa tayari alikuwa na Milima ya Mwezi ya Ptolemy akilini. Rumanyika hakumpa mwezi huo. Kosa lilikuwa la mkono ulioandika, wala si la ulimi uliosema; lakini ramani za kusikia ziliposahihishwa baadaye, lawama aghalabu iliwaangukia wasemaji.

Stanley alikuja kuupima ufuo wenyewe kwa mashua mwaka 1875. Huko Bumbire alinyang'anywa makasia, akaokoka kwa shida. Mwezi wa Agosti alirudi na bunduki, na kwa hesabu yake mwenyewe waliouawa walizidi 30. Hivyo sehemu ya ramani iliyopatikana kwa mazungumzo ilisahihishwa kwa damu. Mwaka 1876 Stanley naye aliketi kwa amani mbele ya Rumanyika, akamwuliza habari za nchi za mbali kama Speke alivyomwuliza.

Malipo hayakuwa sawa. Ziwa kuu lilichukua jina la malkia aliyekuwa ng'ambo ya bahari, na ziwa dogo lililo chini ya ikulu ya Karagwe Speke aliliita Little Windermere, kwa kukumbuka ziwa la Uingereza. Yule aliyeeleza milima na njia hakuandikiwa hata kilima. Mwaka 2019 Tanzania ilitangaza Hifadhi ya Taifa ya Rumanyika-Karagwe, na jina la mjuzi limo katika ramani ya nchi aliyoijua. Lakini ufuo ulio chini ya Kamachumu ungali ukingo wa Ziwa Viktoria.