Mavi ya Kale

Methali inadai mavi ya kale hayanuki, na magofu ya pwani yanaithibitisha. Vyoo vya Gede, karibu na Malindi, vimekaa wazi tangu James Kirkman alipoanza kuufukua mji huo mwaka 1948, na mgeni wa leo huinama kuvichungulia bila kushika pua. Ataona tundu kwenye sakafu ya chokaa na mawe ya matumbawe, shimo refu chini yake, na pembeni kibaraza cha kuwekea chombo cha maji ya kutawazia. Gede ilihamwa karne ya 17. Songo Mnara, kisiwa jirani na Kilwa, vyoo vya namna hiyo vimo katika nyumba za karne ya 14 na 15. Naanzia huko kwa sababu hadi leo wapo wanaosema kwamba choo, pamoja na desturi ya kukisafisha, kililetwa na bwana afya wa mkoloni. Kauli hiyo magofu yanaikataa. Ila na ile kauli ya kuijibu, kwamba wazee wetu walikuwa wasafi kupindukia na uchafu ulikuja na wageni, nayo haisimami. Usafi wa choo wa pwani ulikuwa mkubwa ndani ya ukuta wa nyumba, na ulikoma pale pale ukuta ulipokoma. Shida zilizofuata, mpaka hizi za mitaa yetu, chanzo chake ni hapo.

Tazama nyumba ya mawe ya Lamu ya karne ya 18. Choo hakikuwa kibanda kilichosukumwa nyuma ya ua. Kilikuwa chumba cha ndani, na ghorofani pia kiliwekwa. Humo mlikuwa na birika, na birika la Lamu si la chai, ni tangi la chokaa la kuhifadhia maji. Walifugwa ndani yake samaki wadogo wa kula viluwiluwi vya mbu, na kwenye sakafu ya tangi likakandikwa bakuli la kaure, ili maji yakipungua samaki wapate pa kujihifadhi. Mtu alichota kwa kata, akatawaza, akamwagia sakafu, akatoka. Fikra hiyo ilizaliwa na twahara ya Kiislamu: asiyejisafisha hana sala, na cha kujisafishia kwanza ni maji, kwa hiyo choo kisicho na maji hakikuhesabiwa kuwa choo. Lugha yenyewe imebaki na alama. Msala ni mkeka wa kuswalia, na msala ni choo. Asili ya maneno hayo tuwaachie wanaisimu wagombane, lakini Mswahili husema “naenda msalani” bila kuona haya.

Msomaji makini atauliza: nyumba za mawe zilikuwa ngapi? Chache. Waliokaa vibanda vya makuti, nao ndio wengi, haja zao walizimalizia ufukweni au vichakani. Na yale maji ya birika hayakupanda yenyewe kutoka kisimani. Katika nyumba za waungwana yalibebwa na watumwa, na sakafu ya choo ilisuguliwa na mikono hiyo hiyo. Pingamizi hili nalikubali lote, maana linaongeza uzito kwenye hoja yangu. Usafi wa muungwana ulikuwa wa kweli, ila ulisimama juu ya kichwa cha mtu mwingine. Tena shimo likishapokea kilichoingia, hakuna aliyeuliza kinakwenda wapi.

Jibu lilitolewa na kipindupindu. Unguja mjini ya karne ya 19 ilikuwa na majumba ya kifahari, na ufuo ulionuka hadi msafiri David Livingstone, mwaka 1866, akaubandika mji huo jina la kejeli kwa uvundo wake. Mwaka 1869 ugonjwa ukaingia, ukaua watu hadi mwaka uliofuata. James Christie, daktari aliyekuwa akifanya kazi mjini humo, alifuatilia njia za misafara na majahazi zilizouleta, akaandika kitabu kizima kilichochapwa mwaka 1876. Mji ulikuwa umekaa juu ya matumbawe, na matumbawe ni jiwe lenye vitundu kama sifongo. Kinachomwagwa shimoni hunywea, na pasipo umbali wa kutosha huweza kufika kisimani. Mtu aliweza kutawaza mara tano kwa siku kwa maji yaliyokuwa yamepita chooni kwa jirani. Seyyid Barghash, sultani aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, alifanya jambo la maana kuliko hotuba yoyote ya usafi: alileta maji ya bomba kutoka chemchemi za nje ya mji.

Lakini kejeli ya Livingstone tusiipokee kama hukumu ya mstaarabu kwa mshenzi. Miaka minane kabla yake, kiangazi cha 1858, mto Thames ulinuka hadi mapazia ya Bunge la Uingereza yakalowekwa dawa ya chokaa ili wabunge waweze kupumua. Vyoo vya kuvuta maji, fahari ya nyumba za London, vilikuwa vimeondoa uchafu ndani ya nyumba na kuupeleka mtoni, ambako maji ya kunywa yalichotwa. Ulikuwa ukuta ule ule wa Lamu. London iliuvuka kwa kujenga mifereji mikubwa ya chini ya ardhi. Watawala wa kikoloni walipokuja kwetu na ujuzi huo, mabomba ya majitaka hayakwenda kwa kila mtu. Dar es Salaam ilipangwa kwa rangi, na Kariakoo ikabaki na choo cha shimo uani, kimoja kwa nyumba ya vyumba sita, kila chumba na familia yake. Hicho nacho kilitunzwa, kwa zamu: fagio la chelewa, ndoo, kopo, na majivu ya jikoni kumwagwa shimoni, kwa kuwa majivu hukausha na kukata harufu. Zamu ikirukwa, ugomvi wake ulisikika nyumba ya tatu.

Itasemwa kwamba serikali huru ilimaliza kazi. Kweli, kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973 ilikusanya watu wanaokadiriwa kufika milioni 2 mbele ya redio, kwa vikundi, wiki 12. Vijiji vingi vya bara vilichimba vyoo kwa mara ya kwanza, na sifa hiyo haipingiki. Kipindupindu kilipoitikisa Tanzania mwaka 1977 na 1978 hakikuifuta kazi ile. Kilionyesha tu kwamba kuchimba shimo ni kazi moja, na maji ya kunawa pamoja na njia ya kuondoa kinachojaa shimoni ni kazi nyingine.

Kazi hiyo ya pili ndiyo iliyolala. Ingia leo nyumba ya Dar es Salaam katika mtaa usiopimwa: choo kina marumaru, kinasuguliwa kila asubuhi kwa sabuni na dawa, kinang'aa. Shimo likijaa, wapo wanaosubiri masika, wazibue tundu la pembeni na kutapisha choo kwenye maji ya mvua yanayopita mlangoni kwa jirani. Si kwamba hawajui usafi. Lori la kunyonya majitaka, ambalo lingepeleka mzigo kwenye mabwawa kama ya Vingunguti, halipiti kichochoroni. Asiyetaka kutapisha huita vyura, vijana wanaoshuka shimoni usiku kwa ndoo na koleo, mara nyingi bila glovu wala buti, na alfajiri hulipwa kwa shimo, si kwa mshahara.