Gobore la Katavi: kutoka vita vya Mpimbwe hadi kesi ya uhujumu uchumi

Kila ikifika Septemba, tangazo ni lile lile: mwenye silaha asiyoimiliki kihalali aisalimishe kwa hiari, hatashtakiwa. Umoja wa Afrika uliutenga mwezi huo kuwa wa msamaha wa silaha barani, na mwaka 2023 Tanzania ilitoa miezi miwili mizima, Septemba na Oktoba. Mahali pa kusalimisha ni kituo cha polisi au ofisi ya serikali ya mtaa au kijiji. Baadaye waandishi wa habari huitwa kupiga picha, na katika mikoa ya magharibi picha hizo huwa hazikosi gobore: mtutu mrefu wenye kutu, kitako kilichochongwa kwa panga, waya umefungwa pale mbao ilipopasuka.

Wapo vijana wa Mpanda ambao, kwa kutazama simu zao, wanajua mambo ya bunduki ya Marekani kuliko ya kwao. Wanajua kwamba huko majimbo 29 yanamruhusu mtu mzima kutembea na bastola bila kibali chochote, na kwamba mwaka 2022 Mahakama Kuu ya nchi hiyo ilitamka kuwa kubeba silaha hadharani kwa ajili ya kujilinda ni haki ya kikatiba. Tanzania haina haki ya namna hiyo. Hapa bunduki ni ruhusa, na ruhusa ina mwenyewe. Makala haya yanauliza ruhusa hiyo ilianza lini kuwa na mwenyewe, na kwa nini kwa mtu wa Katavi ilikomea kwenye gobore.

Nimeegemea maandishi mawili ambayo ningetamani kuyaona kwenye maktaba za Mpanda: kitabu cha Norman Bennett kuhusu Mtemi Mirambo, kilichotoka mwaka 1971, na utafiti wa R. W. Beachey wa mwaka 1962 juu ya biashara ya silaha Afrika Mashariki. Wote wawili wanaanzia Unguja, kwa sababu bunduki zilianzia huko. Majeshi ya Ulaya yalipokuwa yakibadilisha silaha, zile kuukuu zililetwa huku. Makadirio ya kibalozi ya mwaka 1888 yanataja bunduki kati ya 80,000 na 100,000 zilizokuwa zikiingia Afrika Mashariki kwa mwaka. Zilipanda na misafara hadi Tabora, zikarudi kwa sura ya pembe za ndovu.

Nchi ambayo leo ni Mkoa wa Katavi, ya Wapimbwe, Wakonongo, Wabende na jirani zao, ilikuwa kwenye mkondo wa biashara hiyo. Ndovu walikuwa wengi, watu wachache, na kila mtemi aliyetaka kusimama alihitaji baruti. Mirambo wa Urambo alilielewa hilo kuliko wote. Rugaruga, yaani wapiganaji wake, walikuwa vijana, walienda mbio, na waliishi kwa bunduki. Waarabu wa Tabora walipopigana naye kuanzia mwaka 1871, moja ya mbinu zao ilikuwa kumkatia baruti.

Hapo ndipo inapoingia habari ya tembo wa Mfalme Leopold, ambayo nashangaa kwamba haifundishwi katika kila shule ya mkoa huu.

Agosti 1879 Mbelgiji Ernest Cambier alifika Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, akaanzisha kituo cha chama ambacho Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji alikiita cha kimataifa na cha kisayansi. Tatizo lilikuwa usafiri. Ng'ombe na punda walikufa kwa mbung'o, na wapagazi walitaka ujira, tena walijua kugoma. Leopold akapata wazo la kutumia tembo wa Kihindi, ambao wamezoea kubeba mizigo. Wanne walipakiwa melini Bombay pamoja na wachungaji wao wa Kihindi, na katikati ya mwaka huo wa 1879 wakateremshwa Msasani, kaskazini ya Dar es Salaam, wakaogelea hadi pwani. Kiongozi wa msafara alikuwa Kapteni Frederick Carter, mtu aliyejua Kiarabu kwa sababu ya kazi zake za zamani huko Mesopotamia.

Msafara ulipita Mpwapwa na Tabora ukafika Karema mwezi Desemba. Tembo wengi walikuwa wameshakufa njiani. Hata hivyo Leopold hakukata tamaa. Mpango mpya ulikuwa kuwakamata tembo wa Afrika na kuwafundisha hapo hapo Karema, kwa kutumia Wahindi wale wale. Mkoa ambao leo una hifadhi ya taifa yenye kilomita za mraba 4,471, maarufu kwa viboko na makundi ya nyati, nusura uwe na shule ya tembo.

Juni 1880 Carter alikuwa anarudi kuelekea pwani. Alikutana na Mskochi Cadenhead, aliyekuwa anakuja kuongeza nguvu, na wote wawili wakawa Mpimbwe. Siku hizo hizo Mirambo, pamoja na mshirika wake Simba aliyetawala Usawira jirani, alikuja kuupiga mji wa Mpimbwe. Wazungu wawili walijikuta ndani ya boma ambalo lilikuwa na ugomvi wake wenyewe, wakiwa na bunduki bora kuliko zote zilizokuwa uwanjani. Wote wawili waliuawa.

Ugomvi uliofuata ulichukua miaka. Mirambo alisema hakujua kama kulikuwa na Wazungu mle, na akaonyesha kusikitika. Bennett anaelekea kumwamini, na mimi namfuata: Mirambo alikuwa ametumia miaka kutafuta urafiki na Waingereza, wamisionari wao walikuwa wanaishi kwake Urambo, na hakuwa na sababu ya kuutupa urafiki huo kwa ajili ya watu wawili waliokuwa wapita njia. Lakini John Kirk, balozi wa Uingereza Unguja, hakutaka maelezo. Mtu ambaye jana alisifiwa kuwa ni mtawala mwenye akili akawa jambazi wa bara. Mirambo alikufa Desemba 1884 akiwa hajaurudisha urafiki ule.

Watu wa Mpimbwe hawakuulizwa na yeyote mji wao ulipoteza wangapi siku ile. Hata mimi ninayesoma vitabu hivi ninawajua marehemu wawili tu kwa majina.

Tukio hilo, pamoja na mengine ya aina yake, liliwapa Wazungu hoja waliyoipeleka Brussels mkutanoni kuanzia Novemba 1889. Mkutano ulikuwa wa kupinga biashara ya utumwa, na mkataba wake ulitiwa sahihi tarehe 2 Julai 1890. Ndani yake mlikuwa na vifungu vya silaha vinavyostahili kusomwa polepole. Katika eneo lote la Afrika kati ya nyuzi 20 kaskazini na nyuzi 22 kusini, ilikatazwa kuingiza bunduki za kisasa, isipokuwa kwa majeshi ya serikali na kwa watu binafsi walioaminika, kila mmoja kwa kibali chake. Bunduki zote ziwekwe kwenye ghala la serikali. Lakini ziko ambazo ghala lingeweza kuzitoa kwa biashara: bunduki za gumegume, zisizo na mifereji ndani ya mtutu, pamoja na baruti ya kawaida.

Maana yake, Mwafrika aachiwe bunduki ya kizamani, inayoshindiliwa kwa mbele, inayochukua muda kujazwa na isiyolenga mbali. Bunduki nzuri ikae kwa mwenye kibali, na kibali kikae kwa mtawala. Miongoni mwa nchi zilizoweka sahihi ilikuwamo Marekani, hiyo hiyo ambayo leo inabishana kama kibali chenyewe si uonevu.

Kwa hiyo gobore halikubaki Katavi kwa sababu watu wa hapa hawakujua kitu bora. Mirambo alikijua na alikitafuta. Lilibaki kwa sababu ndilo pekee lililoachwa lipite, na lilipoacha kuletwa, mafundi waliliiga kwa chuma walichokipata. Mabomba ya maji na vyuma vya magari yaliingia kazini baadaye, goroli zikachukua nafasi ya risasi.

Mjerumani alikuja na chuma chake. Isike wa Unyanyembe, alipoona boma lake Tabora linatekwa Januari 1893, alilipua ghala la baruti akiwa ndani. Gavana Wissmann alitoa kanuni za uwindaji mwaka 1896, na kuanzia hapo kuua tembo kulihitaji karatasi yenye bei. Baada ya Maji Maji, bunduki zilikusanywa kwa wingi kusini. Eneo la Katavi lilitengwa kwa wanyama mwaka 1911. Mwingereza akaendeleza yote hayo: leseni, daftari la mkuu wa wilaya, na gobore la mzee fulani aliyehesabiwa kuwa mtulivu.

Uhuru haukubadilisha msingi. Maasi ya jeshi ya Januari 1964 yaliifanya serikali iwe na hofu ya bunduki iliyo nje ya mkono wake, na hofu hiyo naielewa. Silaha ya wananchi ikawa mgambo, chini ya chama na kamanda. Wasukuma na Wanyamwezi walipochoshwa na wezi wa ng'ombe miaka ya mwanzo ya 1980 waliunda sungusungu, na silaha yao ilikuwa upinde na mshale, kwa sababu huo haukuhitaji kitabu cha leseni. Wafugaji waliohamia Katavi wamekuja nao.

Mwaka 1972 Warundi walikimbia mauaji kwao, wakapewa makazi Katumba na, kuanzia mwaka 1978, Mishamo. Vita vya Burundi na Kongo vya miaka ya 1990 vikaleta bunduki za kivita, SMG. Hapo ndipo lawama zote za silaha zilipotupwa kwa mkimbizi, jambo ambalo ni rahisi mno: gobore lilikuwa hapa kabla yake. Sheria ya Silaha na Risasi ya mwaka 1991, iliyochukua nafasi ya ile ya kikoloni, ilikuwa imeshatungwa kabla ya vita hivyo.

Kisha ikaja Oktoba 2013 na Operesheni Tokomeza dhidi ya majangili. Jeshi, polisi na askari wa wanyamapori waliingia vijijini kutafuta pembe na bunduki. Malalamiko ya vipigo, mateso na vifo yalikuwa mengi kiasi kwamba ilisimamishwa baada ya wiki chache. Tarehe 20 Desemba, baada ya ripoti ya kamati ya Bunge iliyoongozwa na James Lembeli, mawaziri wanne walipoteza nafasi zao: Kagasheki, Nchimbi, Nahodha na Mathayo. Aliyesimama bungeni kutangaza kwamba Rais amekubali ni Waziri Mkuu Mizengo Pinda, mtoto wa Kibaoni, Mpimbwe.

Sheria inayotumika sasa ni ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015. Mwombaji huanzia kwa mtendaji wa kijiji au mtaa, barua ikapanda kata, polisi wilaya na kamati za usalama, hadi juu. Anatakiwa athibitishe kuwa anajua kuitumia na ana mahali salama pa kuihifadhi. Bastola ya mfanyabiashara wa dhahabu na gobore la mrina asali wa Inyonga hupita mlango mmoja, ingawa wa kwanza ana gari na wa pili ana baiskeli. Mwaka 2016 wamiliki wote waliitwa kuhakikiwa.

Mwaka huo huo kikaja kitu kizito kuliko hivyo vyote. Marekebisho ya Sheria ya Uhujumu Uchumi yaliweka kifungo kisichopungua miaka 20 na kisichozidi 30 kwa makosa yaliyomo kwenye jedwali lake, na kumiliki silaha bila kibali ni mojawapo. Mwenye gobore anasimama kizimbani akiwa mhujumu uchumi. Sitetei ujangili, tembo wa Katavi wamekwisha vya kutosha. Lakini wapo wenye gobore la kuwinda ndovu na wapo wenye gobore la kutishia ngedere shambani, na kiwango cha chini cha adhabu hakiwatenganishi. Sheria zetu zilikuwa zinaandikwa kwa Kiingereza hadi mabadiliko ya mwaka 2021 yalipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria, kwa hiyo wengi walijifunza uzito wa kosa hilo siku ya hukumu.

Sensa ya 2022 ilihesabu watu 1,152,958 Katavi, zaidi ya mara mbili ya wale 564,604 wa 2012, mwaka ambao mkoa ulianzishwa kwa kumegwa kutoka Rukwa. Wengi ni wageni, hawana habari ya Mirambo wala Carter. Ila ndani ya nyumba za wenyeji wazee bado kuna magobore, mengine yakiwa na leseni zilizotolewa zamani kwa babu.

Leseni hiyo hairithiwi. Mwenyewe akifa, warithi wanatakiwa kuifikisha bunduki kwa polisi au kuomba upya kwa majina yao. Mjane wa kijiji kilicho ndani kabisa, mbali na kituo, analo jambo la kuamua: aliache darini liwe kosa, au alibebe barabarani bila kibali ili akalisalimishe, na akikutwa njiani aeleze. Msamaha wa Septemba unamlinda akifika. Kwa hiyo anayetangaza msamaha angetangaza pia ratiba ya gari la polisi, kijiji kwa kijiji, na kulifuata gobore hapo hapo lilipo.