Nasaba za Wamarekani na Milima ya Iramba

Msomaji wa Kiomboi au wa Kinampanda akiambiwa kwamba sehemu ya tarehe ya kwao imo katika vitabu vya nasaba na sira za aila za Kimarekani, yamkini atastaajabu, kwani aghalabu vitabu vya namna hiyo hudhaniwa kuwa shughuli ya wenyewe huko ng'ambo: ya watu wa Boston, ambao tangu 1845 wana jumuiya ya kukusanya shajara za koo zao, au ya wazao wa Waswidi waliohamia Marekani wakaunda, mwaka 1860, kanisa la Kilutheri lililoitwa Augustana. Lakini ni wazao hao hao wa Waswidi waliofika Iramba katika miaka ya 1920, baada ya wamisionari wa Kijerumani wa Leipzig kuondoshwa kwa sababu ya vita vya kwanza vya dunia, wakaishika kazi ya misheni ya Ruruma na kuieneza hata Isanzu na Unyaturu. Na kwa kuwa kanisa lao lilitaka taarifa, na jamaa zao walingoja barua, waliandika mengi.

Miongoni mwao alikuwamo Elmer Danielson, aliyewasili mwaka 1928, na ambaye baadaye alitunga kitabu juu ya miaka yake 40 ya utumishi katika nchi hii. Mwaka 1941, yeye akiwa huku Tanganyika, mkewe Lillian na watoto wao 6 walipanda merikebu ya Kimisri iitwayo Zamzam, jina ambalo sikio la Mswahili halihitaji kufasiriwa, ili wamfuate. Alfajiri ya Aprili 17, katika Atlantiki ya kusini, meli ya vita ya Kijerumani iliyojibadili sura ya meli ya biashara, Atlantis, iliipiga kwa mizinga. Abiria wakaokolewa na hao hao walioipiga, wakashushwa Ufaransa, na yule mama na wanawe wakarejea Marekani pasipo kumwona baba. Binti yao, Eleanor Anderson, aliiandika habari hiyo katika kitabu cha aila yake. Nami sioni haya kusema kwamba kitabu hicho ni cha Iramba pia, maadamu safari ile yote ilielekea kwa mtu aliyeijua Iramba kwa miguu yake.

Hata hivyo, nasaba ya Kimarekani hufuata jina la baba, nalo ndilo huorodheshwa mwishoni mwa kitabu. Ilhali Mnyisanzu huhesabu ukoo wake kwa upande wa mama, na jirani yake Mnyaturu kwa upande wa baba. Basi katika maandishi ya misheni kwa jumla utakuta siku aliyozaliwa mtoto wa mmisionari imehifadhiwa barabara, bali yaya aliyembeba, mpishi, na mwinjilisti aliyetangulia njiani akitafsiri, mara nyingi wametajwa kwa jina moja tu, la ubatizo. Na Petro aliyeandikwa bila ukoo wa mama yake, huko Mkalama, mjukuu wake hawezi kumtambua. Nakiri kwamba wamekuwapo waliotega sikio: Howard Olson, aliyekuja baada ya vita vya pili, alijifunza Kinyaturu hata mwaka 1964 akatoa tasnifu juu ya sauti na maumbo ya lugha hiyo, kisha akakusanya tuni za Kiafrika katika kitabu cha nyimbo Tumshangilieni Mungu.

Laiti vitabu hivi vingeletwa Singida vikafunguliwa mbele ya wazee wangali hai, si kwa ajili ya kusomwa tu, bali picha zake zipitishwe mkono kwa mkono, na kila sura isiyo na jina iulizwe: huyu ni nani, mama yake ni wa ukoo gani, alizikwa wapi? Na jibu liandikwe papo hapo kwa penseli, pembezoni mwa ukurasa, kabla kitabu hakijafungwa.