Boga changa: mgeni aliyefika kabla yetu

Wiki hii zamu ya kuandika historia ni yetu, na tumechagua boga. Msicheke. Wengi wetu tukipikiwa boga tunanuna, tunasema ni chakula cha shida. Tulipoanza kufuatilia limetoka wapi, tukanyamaza.

Boga si la Afrika, asili yake ni bara la Amerika. Katika pango la Guilá Naquitz, jimbo la Oaxaca huko Meksiko, wataalamu walikuta mbegu za maboga yaliyolimwa na watu yapata miaka 10,000 iliyopita. Hiyo ni kabla hata ya mahindi. Boga la porini nyama yake ni chungu sana, kwa hiyo inaaminika watu wa kwanza walilitafuta kwa ajili ya mbegu. Kizazi baada ya kizazi wakawa wanapanda yale yasiyo machungu, mpaka likawa hili tunalolijua.

Baadaye wakulima wa huko wakalipanda pamoja na mahindi na maharage. Hindi linasimama, haragwe linapanda juu yake na kurutubisha udongo, boga linatandaza majani mapana chini ili unyevu usipotee na magugu yasiote. Wahaudenosaunee, wenyeji wa Amerika ya Kaskazini, waliyaita mazao hayo dada watatu. Sasa angalia mgao wetu: unga wa mahindi na maharage. Dada wawili wanakuja kwa gunia. Wa tatu tumtafute wenyewe.

Baada ya 1492 meli za Wahispania na Wareno zilianza kubeba mazao ya Amerika, na boga likasambaa Ulaya, Asia na Afrika. Waitaliano wakazalisha zukini, lile jembamba la kijani linaloliwa likiwa changa. Kwetu Afrika boga lilikuta ndugu yake, mumunye. Hilo ni la hapa hapa: likiwa changa unalipika, likikauka ni kibuyu cha maji au maziwa. Na mumunye nalo lilisafiri. Lilifika Amerika maelfu ya miaka kabla ya Columbus, na wapo wataalamu wanaosema lilielea lenyewe baharini.

Leo boga lina kwao kila mahali. Warundi wanalipika na maharage. Kongo mbegu zake zinasagwa, zinaitwa mbika. Pwani ya Tanzania na Kenya linapikwa kwa nazi, mwezi wa Ramadhani linakuwa futari. Hakuna anayeliuliza karatasi.

Sasa tuwaambie kosa letu. Msimu uliopita tulipanda maboga nyuma ya nyumba zetu, tukayaacha yawe makubwa ili tupige picha. Mashina yakaacha kuzaa, na wote tulipata matano tu. Mama mmoja jirani, mtu wa Kivu, akatucheka: "Mukingoja lizeeke mutakula moja. Mukichuma changa mutakula mwezi muzima." Ni kweli kabisa. Mmea ukishakomaza mbegu unaona kazi imekwisha. Ukichuma mapema, unaendelea kutoa maua.

Kwa hiyo chuma likiwa na urefu wa kiganja, ngozi bado inaingia ukucha. Usilimenye. Kata vipande, kaanga kitunguu na nyanya, weka boga na chumvi, funika. Usiongeze maji, lenyewe lina maji ya kutosha. Dakika kumi hivi limeiva, na kuni zinabaki. Ukiwa na karanga zilizotwangwa, tia mwishoni.

Majani machanga pia ni mboga, ila menya kwanza zile nyuzi za kwenye vikonyo. Hata maua ya dume yanaliwa, yale yasiyo na kiboga kidogo chini yake. Bakiza machache, nyuki wanayahitaji asubuhi, la sivyo maboga hayatashika. Na jambo moja la kuzingatia: ukionja boga likawa chungu, tema na utupe sufuria nzima. Uchungu ule ni sumu ya zamani ya porini, kupika hakuiondoi.

Mgao ulipopunguzwa, nyumba zilizokuwa na shina la boga zilipata kitoweo, sisi tuliopiga picha tukaenda kuomba majani. Hatuwezi kusema boga linaziba pengo la mgao. Haliwezi, na ndugu zetu wa mashirika wanaosoma hapa wanalijua hilo. Lakini sufuria ya jioni inabadilika.

Tuna mbegu, tulizikausha kutoka kwenye yale matano. Mvua zikianza, njooni Jumamosi asubuhi tugawane, kila nyumba mbegu nne. Sharti ni moja: acha boga moja tu likomae, uturudishie mbegu za wengine.