Alex Descas: yule aliyekuwa Mobutu katika filme "Lumumba"

Wale waliotazama filme "Lumumba" ya Raoul Peck wanakumbuka kijana mmoja mpole, asiyesema sana, anayekaa karibu na Patrice Lumumba kama ndugu wa nyumbani. Huyo ni Joseph-Désiré Mobutu, wakati hajavaa bado kofia ya chui. Aliyemuigiza si Mkongomani. Anaitwa Alex Descas, Mfaransa mwenye asili ya visiwa vya Antilles, aliyezaliwa mwaka 1958. Jina lake wengi hawalijui, lakini sura yake imepita katika filme na televisheni tangu miaka ya 1980.

"Lumumba" ilitoka mwaka 2000. Peck ni Mhaiti aliyeishi Léopoldville akiwa mtoto, maana baba yake alikuja kufanya kazi hapa nyuma ya uhuru. Lakini filme yenyewe haikupigwa Congo. Vita vilikuwa vinaendelea, basi kamera zikaenda Zimbabwe na Msumbiji. Eriq Ebouaney, ambaye wazazi wake ni Wakameruni, akawa Lumumba. Maka Kotto, Mkameruni pia, akawa Kasa-Vubu. Dieudonné Kabongo, mchekeshaji wetu aliyeishi Ubelgiji, akapewa nafasi ya Munongo wa Katanga.

Kazi ya Descas ndiyo ilikuwa ngumu kuliko zote. Kwetu kila mtu mzima ana Mobutu wake: ule wa sura kwenye pesa, ule wa salongo, ule wa kushuka toka mawinguni mbele ya habari za televisheni. Muigizaji mwingine angeshika fimbo, angefanya sauti nzito, na watu wangecheka. Descas hakufanya vile. Alionyesha mtu anayesikiliza. Lumumba anasema, wengine wanabishana, yeye anatazama tu, na hesabu zake zinaonekana kidogo kidogo katika macho. Alikuwa mwandishi wa habari, akawa katibu, akawa kolonel, na kila hatua ni Lumumba mwenyewe anayemfungulia mlango. Ndiyo maana ile tarehe 14 Septemba 1960, anapowaweka pembeni wanasiasa wote, inauma kuliko kama angekuwa mbaya tangu mwanzo. Lumumba aliuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961. Mwaka 1966 Mobutu huyo huyo akamtangaza shujaa wa taifa.

Ule utulivu Descas hakuuanzia hapo. Mwaka 1990 Claire Denis, mwongozaji Mfaransa aliyekulia Afrika, alimuweka pamoja na Isaach de Bankolé wa Côte d'Ivoire katika "S'en fout la mort". Ni hadithi ya watu wawili, mmoja wa Benin na mmoja wa Antilles, wanaofundisha majogoo ya kupigana kwa siri pembeni ya Paris. Descas ndiye Jocelyn, mfundishaji. Anabeba jogoo kama mtoto, anamsemesha, anamfundisha kurukaruka. Bosi anataka damu zaidi, na Jocelyn anaanza kuvunjika ndani yake. Maneno anayosema ni machache sana. Tangu pale Denis hakumuacha tena: mwaka 1994 katika "J'ai pas sommeil" akawa mpiga fidla anayetaka kurudi Martinique, na mwaka 2001 katika "Trouble Every Day" akawa daktari anayemfungia mke wake nyumbani juu ya ugonjwa wa kutisha. Hii ya mwisho, watoto wasiitazame.

Lakini mtu akitaka kutazama moja tu, atafute "35 rhums" ya mwaka 2008. Descas ni Lionel, dereva wa treni ya Paris, mjane anayeishi na binti yake, Mati Diop. Hakuna bunduki, hakuna polisi anayeomba karatasi. Baba anarudi kazini, anavua viatu, wanapika wali. Mwenzake wa kazi anaingia retrete na maisha yanamshinda. Binti amekuwa mkubwa, baba anajua atamuacha aende, na hakuna kati yao anayetaka kulisema. Usiku mmoja mvua inanyesha, gari linawafia njiani, wanaingia katika mkahawa mdogo na kucheza muziki. Baba anamuachia kijana jirani mkono wa binti yake. Mambo yote yanasemwa pale, bila neno. Katika sinema ya Ufaransa, ambapo Mweusi alizoea kupewa kazi ya mwizi au ya mlinzi, kumuona ni baba tu, mchovu na mwenye upendo, lilikuwa jambo.

Kuchekesha pia anaweza. Katika "Coffee and Cigarettes" ya Mmarekani Jim Jarmusch, mwaka 2003, yeye na de Bankolé wanakunywa kahawa. De Bankolé anakaza kuuliza shida iko wapi. Descas anajibu kila mara: hakuna shida. Ni hivyo tu, na inachekesha.

Katika televisheni, kuanzia 2007, alikuwa komiseri Schneider wa "Un flic" kwenye France 2, bosi wa polisi na mwenye hadithi. Tena na mwongozaji Olivier Assayas alicheza katika filme "Irma Vep" mwaka 1996. Mwaka 2022, miaka 26 nyuma, Assayas alipoifanya upya kuwa mfululizo wa televisheni, alimuita tena Descas.